Mguu wa 7 Ukikatika

Kila muhula wa Makerere unapokaribia kwisha, vijana wa uhandisi huteremka mlimani na vikasha vya plastiki mikononi, wakanikuta kibandani kwangu Wandegeya. Mradi umegoma. Namba hazionekani, au zinaonekana ambazo sizo. Swali lao la kwanza ni moja: "Fundi, mguu wa kwanza ni upi?" Swali hilohilo huulizwa na mwenye duka la Bombo Road ambaye ubao wake wa maandishi mekundu yanayotembea umezimika katikati ya neno, na mzee wa msikiti ambaye saa yake ya ukutani inaandika 1 palipo na 7.

Mimi ni mtu wa Bukoba. Kampala ndiyo iliyonifunza kazi, na Kiganda changu huwachekesha wateja, ila hulipa. Ninavyotengeneza zaidi ni vitu vya kuonyesha namba: saa za ukutani, vihesabio, mbao za bei, mizani. Ndani ya kila kimoja mna aisii, kile kipande cheusi chenye miguu ya bati, ambacho kazi yake ni kuichukua namba iliyo kwenye nyaya na kuifanya mwanga machoni pa mtu. Aisii nyingi zinazotupwa hapa mjini ni nzima. Mtu alihesabu miguu kutoka upande usio wake, au alidhani imepangwa kama ambavyo yeye angeipanga.

Haikupangwa hivyo. Hilo ndilo la kwanza kulikubali.

Kuhesabu ni rahisi. Ishike aisii maandishi yakikutazama, na ule mkato wa nusu duara uelekee juu. Mguu wa 1 ni wa kushoto juu kabisa. Teremka nao upande wa kushoto hadi chini, vuka kulia, kisha panda. Yaani unazunguka kinyume cha mwendo wa akrabu za saa. Kwa aisii ya miguu 16, wa 8 uko kushoto chini, wa 9 unatazamana nao upande wa kulia, na wa 16 unatazamana na wa 1 huko juu. Zisizo na mkato huwa na kitone karibu na mguu wa 1. Sasa igeuze bodi uchomelee risasi kwa chini: hesabu nayo imegeuka, na wa 1 umehamia kulia. Nusu ya miradi iliyoungua mezani pangu iliungulia hapo.

Umbo hili la safu mbili za miguu lilitoka kampuni ya Fairchild ya Marekani mwaka 1964, likiwa na miguu 14, miaka sita baada ya Jack Kilby wa Texas Instruments kuonyesha saketi ya kwanza iliyoundwa yote juu ya kipande kimoja. Toka mguu hadi mguu ni milimita 2.54, na kipimo hicho hakijabadilika. Ndiyo sababu aisii iliyobuniwa zamani bado inaingia kwenye bodi ya majaribio aliyonunua mwanafunzi wiki hii.

Nitaanza na 4511, kwa kuwa hakuna inayofundisha kama hiyo, wala inayokera kama hiyo. Namba kwenye kioo cha LED huandikwa kwa vijiti saba. Cha juu kinaitwa a, halafu ukizunguka kuume unapata b na c upande wa kulia, d chini, e na f upande wa kushoto, na g katikati. Ukiwasha vyote umepata 8. Ukiwasha a, b na c umepata 7. Nayo 4511 hupokea namba kwa waya nne tu: A ina thamani ya 1, B ya 2, C ya 4, D ya 8. Ukitaka 5, unatia umeme A na C, maana 1 na 4 ni 5. Aisii yenyewe inajua kwamba 5 ni a, c, d, f na g, na inaviwasha.

Mtu yeyote mwenye akili zake angetarajia A iwe mguu wa 1, B wa 2, C wa 3, D wa 4. Tazama ilivyo: mguu wa 1 ni B, wa 2 ni C, wa 6 ni D, na A iko mguu wa 7. Kijana mmoja nilipomwonyesha mchoro alisema, "Ssebo, huyu aliyeipanga alikuwa amelewa?" Hakuwa amelewa. Chini ya ile plastiki mna kipande cha silikoni kidogo kuliko ukucha wa mtoto, na nyuzi nyembamba mno zinazotoka kingoni mwake kwenda kwenye miguu. Nyuzi hizo hazitakiwi kupishana, na njia za umeme ndani ya silikoni nazo zina mahali pake. Kwa hiyo mguu huwekwa pale waya unapofikia. Aliyepanga alijirahisishia kazi yake mwenyewe, na sisi tukaachiwa kusoma. Kisha mpango ukishazoeleka haubadilishwi: mpangilio huu wa 4511 ni ule ule wa 7447 ya Texas Instruments, aisii ya kizazi cha kabla yake.

Ukiacha kuisoma kwa mfuatano ukaisoma kwa kazi, mambo yananyooka. Umeme uko pembeni: mguu wa 8 ni graundi, wa 16 ni chanya. Upande wa kulia wote uliobaki ni majibu, vile vijiti saba. Ukiteremka kutoka 15 unakuta f, g, a, b, c, d, na e iko mguu wa 9. Upande wa kushoto ni maswali, yaani A, B, C na D, na katikati yao, miguu ya 3, 4 na 5, mna amri tatu. Wa 3 ukiuteremsha graundi, vijiti vyote vinawaka, hata kama namba ni 1. Umewekwa kwa ajili ya kupima taa. Wa 4 ukiuteremsha, vyote vinazima. Wa 5 ukiupandisha chanya, namba inaganda hapo ilipo, na hata ukibadilisha maswali haibadiliki. Kwa kazi ya kawaida basi, 3 na 4 zinafungwa chanya, na 5 inafungwa graundi. Wanafunzi huiacha miguu hii mitatu ikielea hewani, kwa sababu kwenye mchoro waliopewa haikuandikwa. Aisii ya aina hii haivumilii mguu wa kuingiza ulioachwa wazi. Unaokota umeme wa hewani, wa kidole chako hata, na namba zinacheza.

Kuanzia hapo kioo chenyewe kinaanza kukusimulia ugonjwa wake. Tuseme mguu wa 7, ile A, umegusana na graundi kwa tone la risasi. Thamani ya 1 haifiki tena. Mashine itaonyesha 0, 0, 2, 2, 4, 4, 6, 6, 8, 8. Namba witiri zimetoweka zote. Fundi akiona kihesabio kisichojua witiri hana haja ya kufungua mita yake. Aende moja kwa moja mguu wa 7. Kama ni D, mguu wa 6, basi 8 inakuwa 0 na 9 inakuwa 1, na nyingine zote ziko salama.

Ugonjwa wa upande wa kulia una sura nyingine. Hapo hesabu ni sahihi, ila kijiti kimoja hakiwaki, na ni kilekile katika kila namba. Ile saa ya msikitini iliyoandika 1 palipo na 7 ilikuwa imepoteza a. Aisii zake hazikuwa 4511, lakini vijiti ni vilevile popote. Kijiti g kikifa, 8 inasomeka 0. Kwenye ubao wa bei hayo si mambo madogo: 7,000 ikisomeka 1,000 utagombana na watu kutwa nzima. Dawa yake mara nyingi ni pasi ya kulehemu kwenye mguu mmoja, kwa sababu risasi huchoka na kupasuka duara jembamba kuuzunguka mguu, hasa kwenye kitu kinachotetemeka au kinachopata joto na baridi.

Kioo nacho kina miguu yake. Kile cha tarakimu moja kilichoenea sana, 5161, kina miguu kumi, mitano juu na mitano chini, na ile ya katikati, wa 3 na wa 8, ni mguu wa pamoja. Herufi inayofuata namba katika jina lake ni ya kuangalia kabla hujalipa. 5161AS ina kathodi ya pamoja, yaani ile ya katikati inakwenda graundi. 5161BS ina anodi ya pamoja, inakwenda chanya. Kwa sura ni mapacha. Weka mita kwenye alama ya dayodi, waya mweusi mguu wa 3, mwekundu uguse mingine mmoja mmoja: vijiti vikiwaka kwa mwanga hafifu, ni kathodi. Visipowaka, badilisha waya.

4511 inataka kathodi. 7447, ile niliyosema mpangilio wa miguu ni mmoja, inataka anodi. Zote zina miguu 16, zinaingia soketi moja, na muuzaji mwenye haraka atakwambia "hii ni sawa na ile". Si sawa. 7447 huvuta umeme badala ya kuusukuma, kwa hiyo kwenye kioo cha kathodi haitawasha kitu. Mguu wake wa 5 una amri nyingine kabisa: ukiwa graundi, unaficha sifuri. Na 7447 ni ya volti 5 tu, ilhali 4511 inafanya kazi mpaka volti 18. Kwenye bodi ya betri ya gari, ya volti 12, utanusa harufu kabla hujaona namba. Miguu kufanana ni habari ya soketi tu, na soketi haijui kazi.

Neno moja kuhusu rezista, kisha niliache. Kila kijiti kinataka yake. Omu 330 inatosha kwa volti 5. Wavivu huweka moja tu kwenye mguu wa pamoja. Namba 1, yenye vijiti viwili, inang'aa, na 8 yenye vijiti saba inafifia, kwa sababu umeme uleule unagawanywa. Ukipita usiku barabarani ukaona ubao ambao 1 zake zinachoma macho na 8 zake zina usingizi, umeshajua ndani mna nini.

Mbao za maandishi yanayotembea zina aisii ya namna nyingine, na inayokuja mezani kwangu zaidi ni MAX7219, iliyotoka kampuni ya Maxim, ambayo mwaka 2021 ilinunuliwa na Analog Devices. Ina miguu 24 na inaendesha taa 64: tarakimu nane, au mraba mmoja wa nane kwa nane. Hapa waya nne za maswali hazipo tena. Ipo miguu mitatu tu: wa 1 unaoingiza data, wa 13 wa mapigo, wa 12 wa kukamilisha. Kila mtu wa Kampala anaujua mwendo huu kwa jina lingine. Umenunua umeme wa Yaka, ule wa kulipia kabla, uko kazini, nyumbani yupo mtoto mbele ya mita. Unamsomea kwa simu tarakimu 20, moja moja. Kila moja anabonyeza na kusema "eeh". Na mwishoni anabonyeza kitufe cha kuingiza, ndipo mita inapokubali au kukataa. Tarakimu unazosoma ni mguu wa 1. "Eeh" ya mtoto ni mguu wa 13. Kitufe cha mwisho ni mguu wa 12. Tofauti ni kwamba aisii hupokea biti 16 kwa mkupuo, na zikikosewa haitoi malalamiko, inaonyesha upuuzi. Waliopambana mwaka 2024 na zile namba ndefu mbili za ziada za kuisasisha mita ya Yaka, kabla mita za zamani hazijafikia kikomo cha Novemba 24, wanajua "eeh" moja ikirukwa inakuwaje.

Mpangilio wake usijaribu kuukisia. Tarakimu, kuanzia mguu wa 2 na kuruka graundi, zinakwenda 0, 4, 6, 2, 3, 7, 5, 1. Graundi ni mbili, wa 4 na wa 9, na zote mbili lazima zifungwe. Wengi hufunga moja, taa zinawaka, wanaridhika. Lakini tarakimu moja yenye vijiti vinane inaweza kupitisha miliampea 320, na karatasi ya data ya mtengenezaji haikuandika graundi mbili kwa ajili ya urembo. Chanya ni mguu wa 19, na jirani yake, wa 18, ndio wa mwangaza: rezista moja kutoka 18 kwenda 19 inaweka kiwango cha taa zote, na isipungue omu 9,530. Mguu wa 24 unatoa data kwenda aisii inayofuata, kwa hiyo ubao mrefu ni mnyororo. Ukiona nusu ya kushoto inaandika na nusu ya kulia imekufa au imechanganyikiwa, nenda kwenye aisii ya mwisho iliyo nzima, mguu wa 24, na ile inayoifuata, mguu wa 1. Ubao wa duka la Bombo Road ulikuwa hivyo. Na jambo jingine lililowapotezea watu pesa: aisii hii ikipata umeme mara ya kwanza huwa imelala. Giza si ushahidi kwamba imekufa. Huenda programu haijaiamsha.

Vioo vya herufi, vile vya buluu au kijani vyenye mistari miwili ya herufi 16, ni rahisi zaidi, kwa kuwa miguu yote 16 imepangwa mstari mmoja na imepangwa kwa akili. Vinafuata aisii ya Hitachi, HD44780. Wa 1 graundi, wa 2 chanya, wa 3 ukolezi wa herufi, wa 4, 5 na 6 amri, 7 mpaka 14 data, 15 na 16 taa ya nyuma. Karibu kila kioo ninacholetewa "kimekufa" kina shida mguu wa 3. Haujafungwa popote, au potenshometa yake imezungushwa mwisho. Miraba iliyojaa kwenye mstari wa juu tu, mstari wa chini mtupu, maana yake umeme umefika na amri hazijafika: tazama 4 na 6, kisha programu. Zipo bodi zilizoweka 15 na 16 kabla ya 1, kwa hiyo soma maandishi madogo yaliyochapwa pembeni ya matundu, usihesabu kutoka ukingoni kwa mazoea.

Simu sitaziingilia sana. Jirani zangu wanaishi kwazo. Aisii za vioo vya simu hazina miguu, zina vitone vya risasi vilivyofichwa tumboni, vinavyotajwa kwa safu na namba, A1, A2, B1, kuanzia pembe yenye alama. Herufi kama I na O zinarukwa zisifanane na 1 na 0. Bila mashine ya hewa ya moto na mchoro wa simu ile ile, usiguse.

Kinachoniudhi ni aisii zilizokwanguliwa. Baadhi ya watengenezaji wa bodi za bei nafuu hufuta maandishi mgongoni mwa aisii ili wasiigwe, na anayeumia ni mteja wa Wandegeya aliyelipa pesa yake. Hata hivyo kuna njia. Zima umeme, weka mita kwenye mlio, shika hasi ya kapasita kubwa, ugusie miguu yote: ule unaolia ni graundi. Fanya hivyo kwa chanya. Kisha fuata njia kutoka kwenye kioo, ambacho miguu yake inajulikana, na uandike kila moja inafikia wapi. Ukishapata miguu ya umeme na ya majibu, iliyobaki ni michache, na miwili au mitatu inayotoka kwenye aisii kubwa ya bodi ndiyo ya maswali. Inakula saa nzima, na ninailipisha.

Mizani ni habari ya peke yake. Mama wa sokoni hapa Wandegeya akiniletea mizani ambayo kioo kimepoteza kijiti, kulehemu mguu ni dakika chache. Lakini mizani ya biashara hukaguliwa na kupigwa muhuri na UNBS, shirika la viwango la Uganda, na fundi hana mamlaka ya kuurudisha muhuri alioukata. Mita ya Yaka ndiyo kabisa: hata kioo chake kikiwa kimepotea chote, hiyo ni mali ya UEDCL, kampuni ya kusambaza umeme, na mimi siifungui.

Kwa hiyo kabla hujaondoka nyumbani kuja kwangu au kwa fundi mwingine yeyote, piga picha ya maandishi yaliyo mgongoni mwa aisii, na ya bodi pande zote mbili, kabla mtu hajagusa kitu. Andika namba zinazokosewa na zinavyosomeka. Kama ni mizani ya biashara, mkubaliane mapema ni nani ataipeleka UNBS ikishapona.